Ikoni ya Gemu Ikigoma, Usikimbilie Kupiga Windows

Mazungumzo ya leo yanahusu jambo dogo linalomaliza bure fedha na siku za watu: picha ndogo za gemu kwenye kompyuta, ziitwazo ikoni, zinapogoma kubadilika. Gemu imesasishwa jana usiku, lakini picha yake bado ni ile ya mwaka juzi. Au gemu inafunguka vizuri kabisa, ila mahali pa picha kuna kikaratasi cheupe tu. Au mtoto ameshaifuta, na picha ingali pale pale. Ukiibofya, hakuna kinachotokea.

Lushoto ni mahali pazuri pa kulitazamia suala hili. Mji uko kwenye milima ya Usambara, kwenye mwinuko wa mita zipatazo 1,400, na anayeufuata huiacha barabara kuu ya Dar es Salaam na Arusha pale Mombo, akapanda kwa kona kupitia Soni, kilomita 33 hivi. Kompyuta nyingi zinazopandishwa milima hii si mpya. Zimekwisha kutumika kwingine, zikanunuliwa za mitumba, zikaishia juu ya meza ya steshenari. Mchana zinachapa barua, zinajaza fomu za maombi ya vyuo na kutoa nakala za vyeti. Jioni, wateja wakipungua, watoto wa mwenye duka wanacheza gemu za mpira na mbio za magari. Wanafunzi wa Chuo cha Uongozi wa Mahakama, kilichoanzishwa kwa sheria ya Bunge ya mwaka 1998, nao wanakuja na laptopu zao zenye maelezo ya sheria, pamoja na gemu moja mbili za kupumzishia akili.

Ikoni ikigoma, wengi hufuata njia moja. Kompyuta inapelekwa kwa fundi, fundi anaitazama, anatikisa kichwa, anasema dawa ni kupiga Windows, yaani kuisakinisha upya. Kwa mtu wa Mtae au Mlalo, maana yake ni kulifunga sanduku la kompyuta ndani ya shuka, kulipandisha basi, kulipa nauli ya kwenda na kurudi, kumlipa fundi, halafu kuanza upya kusakinisha Word, printa na mengineyo kwa bando lake mwenyewe. Asiyenakili mafaili yake mapema anaweza kurudi nyumbani na ikoni safi, lakini barua na picha zake za miaka mitatu hazipo tena. Yote hayo kwa sababu ya kipicha kimoja.

Mara nyingi ikoni iliyogoma si ugonjwa. Ni kumbukumbu iliyopitwa na wakati.

Windows haichori ikoni upya kila unapowasha kompyuta. Kama ingefanya hivyo, ingelazimika kulifungua kila faili la gemu, kuitafuta picha iliyofichwa ndani yake na kuipaka kwenye skrini, na kompyuta yenye diski ya zamani ingechelewa sana kuwaka. Kwa hiyo picha ikishasomwa mara moja huwekwa akiba, na kuanzia hapo Windows huchota kwenye akiba hiyo. Ni kama mwenye duka aliyeandika bei ya sukari ukutani mwaka jana: mteja akiuliza anaonyeshwa ukuta, ingawa bei imeshapanda. Sukari haina kosa, duka halina kosa. Maandishi ndiyo ya zamani.

Katika Windows 7, akiba hiyo ni faili moja lililofichwa, IconCache.db. Katika matoleo ya baadaye, Microsoft iliigawa katika mafaili kadhaa kufuatana na ukubwa wa picha: moja la ikoni za nukta 16, jingine la 32, jingine la 48, jingine la 256, na kuendelea. Mgawanyo huo una faida kwa anayetafuta chanzo cha tatizo. Ukiwa kwenye deskitopu, yaani ule uso wa kwanza wa kompyuta, shikilia kitufe cha Ctrl na uzungushe gurudumu la kipanya. Ikoni zitakua na kupungua. Ikiwa ile ya gemu ni sahihi ikiwa kubwa lakini ya zamani ikiwa ndogo, umeshakamata mwizi: akiba ya ukubwa mmoja ndiyo iliyobaki nyuma.

Kuna kipimo kingine wanachokijua watengenezaji wa gemu wenyewe. Windows huikumbuka ikoni kwa anwani ya faili, yaani folda na jina lake. Kijana anayejifunza kuunda gemu akibadilisha picha yake na kulihifadhi faili kwa jina lile lile, mahali pale pale, ataendelea kuiona picha ya jana na kudhani kazi yake imepotea. Akilipa faili jina jingine, picha mpya hutokea papo hapo. Afrika Mashariki imekuwa na watengenezaji wa gemu za kompyuta kwa miaka mingi sasa. Mkenya Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi mwaka 2007. Anayetaka kumfuata kutoka Lushoto ajue mapema kwamba picha inayobaki ya zamani haimaanishi ameshindwa kazi.

Na kile kitufe cha F5? Kila mahali penye kompyuta yupo mtu anayekibonyeza mara tano, mara kumi, akiamini anaisafisha mashine au kuiongezea kasi. F5 huiagiza Windows ichore upya kile kilichoko kwenye dirisha. Akiba haiigusi. Kama picha iliyohifadhiwa ni ya zamani, F5 itaichora upya picha hiyo hiyo ya zamani, kwa utiifu wote.

Basi tiba ni ipi? Ziko tatu, na zinafuatana kutoka nyepesi hadi nzito. Hakuna hata moja inayohitaji bando. Majina ya amri yatatajwa kama yanavyoonekana kwenye Windows ya Kiingereza, kwa kuwa ndiyo iliyomo kwenye kompyuta nyingi. Msikilizaji mwenye kalamu aiweke karibu.

Ya kwanza ni kuizindua upya programu inayoibeba deskitopu. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja. Litafunguka dirisha la Task Manager. Tafuta mstari ulioandikwa Windows Explorer, uubofye kwa kitufe cha kulia cha kipanya, kisha uchague Restart. Skrini itapotea kidogo na kurudi. Usishtuke, hakuna faili linalofutika. Kwa wenye Windows 7 chaguo la Restart halipo hapo, kwa hiyo wazime kompyuta kwa utaratibu na kuiwasha tena.

Ya pili ni amri fupi. Shikilia kitufe chenye alama ya Windows na ubonyeze herufi R. Kwenye kisanduku kinachotokea, andika bila kuacha nafasi: i, e, tarakimu nne, u, i, n, i, t, nukta, exe. Hapo acha nafasi moja, weka kistari kifupi, uandike show. Kwa ujumla isomeke ie4uinit.exe -show, kisha bonyeza Enter. Hiyo ni ya Windows 10 na 11. Kwenye Windows 7, mahali pa show andika ClearIconCache, maneno matatu yaliyoshikana. Hutaona ujumbe wowote wa kukupongeza. Angalia ikoni tu.

Ya tatu ni kuifuta akiba yenyewe, na hapa ndipo wengi wanapokosea. Wanalifuta faili huku Windows Explorer ikiwa bado inafanya kazi, nayo ama inakataa, ama inaiandika tena orodha ya zamani iliyoishika kichwani. Ni lazima Explorer ifungwe kwanza. Fungua Command Prompt, lile dirisha jeusi, uandike taskkill /f /im explorer.exe. Deskitopu itatoweka, dirisha jeusi litabaki. Kwenye Windows 10 au 11 andika cd /d %localappdata%\Microsoft\Windows\Explorer, bonyeza Enter, halafu del /a iconcache* na Enter tena. Kwenye Windows 7 inatosha del /a %localappdata%\IconCache.db. Mwisho andika explorer.exe, deskitopu irudi. Dakika za mwanzo ikoni zinaweza kujitokeza polepole, moja baada ya nyingine, kwa sababu Windows inazisoma zote upya. Zikiisha kusomwa, kasi inarudi.

Lakini kwa nini akiba iharibike? Kwa wakazi wa Usambara jibu la kwanza ni umeme. Windows 7 huiandika orodha ya ikoni kwenye diski kompyuta inapozimwa kwa utaratibu. Umeme ukikatika ghafla, mabadiliko ya siku hiyo hayaandikwi. Na ukikatika wakati faili linaandikwa, linaweza kubaki nusu. Msimu wa masika, radi zinapoanza na ukungu kushuka hadi madirishani, kompyuta ya mezani isiyo na UPS, yaani kifaa cha umeme wa akiba, inaweza kuzimika hivyo zaidi ya mara moja kwa siku. Laptopu yenye betri nzima haina shida hiyo. Mwenye kompyuta ya mezani akinunua UPS hata ndogo, ya kumpa dakika chache tu za kuhifadhi kazi na kuzima vizuri, ataokoa mengi kuliko ikoni: ataiokoa diski.

Umri wa kompyuta nao una madhara yasiyotarajiwa. Ndani ya sanduku la kompyuta ya mezani kuna betri ya duara, bapa, aina ya CR2032, inayoitunza saa na tarehe mashine ikiwa imezimwa. Ikichoka, kila umeme unapokatika tarehe inarudi nyuma miaka kadhaa. Mtumiaji anaiona saa ya uongo pale pembeni na kuipuuza. Kumbe programu za gemu zinazovuta picha zake kutoka intaneti huangalia kwanza vyeti vya usalama vya tovuti, na kila cheti kina tarehe ya kuanza na ya kuisha. Kompyuta inayodhani bado ni mwaka 2009 itaviona vyeti vyote kuwa havijaanza kutumika, na mawasiliano yatakataliwa. Picha mpya haishuki. Hapo hata ukifuta akiba mara ishirini hupati kitu. Kinachotakiwa ni betri mpya na tarehe kurekebishwa.

Chanzo kingine ni flashi. Kijana anaipenda gemu ya rafiki yake, anakuja na flashi, ananakili ile ikoni iliyoko kwenye deskitopu na kuondoka kwa furaha. Alichochukua si gemu. Amechukua shotikati, yaani njia ya mkato, kijifaili chenye anwani tu ya mahali gemu ilipo kwenye kompyuta ya rafiki. Kwake anwani hiyo haipo, kwa hiyo inatokea karatasi nyeupe. Hali hiyo hiyo humkuta aliyeihamisha folda ya gemu kutoka diski C kwenda diski D ili kupata nafasi. Tiba yake ni kuifuta shotikati ya zamani, kuingia kwenye folda ya gemu, kulibofya faili lake la kufungulia kwa kitufe cha kulia na kuchagua Send to, kisha Desktop. Ikiwa shotikati inafanya kazi na picha tu ndiyo iliyopotea, fungua Properties yake, bonyeza Change Icon na uichague upya.

Wanaocheza kwa kutumia Steam, programu ya kununulia na kuendeshea gemu, wana mambo yao. Shotikati ya Steam haielekezi kwenye faili la gemu; imebeba anwani inayoanza na steam://rungameid na namba ya gemu, na picha yake imehifadhiwa kwenye folda ndogo iitwayo games, ndani ya folda ya Steam. Picha ikifutika humo, deskitopu inabaki nyeupe hata kama akiba ya Windows ni nzima. Hapo njia rahisi ni kuifuta shotikati, kwenda kwenye maktaba ya Steam, kuibofya gemu kwa kitufe cha kulia, kuchagua Manage halafu Add desktop shortcut. Na kuna habari ambayo haijawafikia wote: tangu tarehe 1 Januari 2024, Steam iliacha rasmi kuzihudumia Windows 7, 8 na 8.1. Aliyebaki huko asitarajie programu hiyo isasishwe, na asimlaumu fundi.

Wapo pia wanaolilia karata. Solitaire iliingia ndani ya Windows 3.0 mwaka 1990. Iliandikwa na Wes Cherry alipokuwa mwanafunzi wa mafunzo kazini pale Microsoft, na karata zake zilichorwa na Susan Kare, msanii aliyechora ikoni za kompyuta ya Macintosh ya mwaka 1984. Gemu hiyo imewafundisha watumishi wengi wa ofisi kukivuta kipanya. Kompyuta ya Windows 7 ilipopandishwa kwenda Windows 10, Solitaire, Minesweeper na Hearts za zamani ziliondolewa. Shotikati zake zilizobaki kwenye deskitopu hazina pa kwenda. Hizo hazirekebishiki, zifutwe tu, na anayetaka karata apakue toleo jipya kwenye duka la Microsoft.

Hadi hapa tumekuwa kwenye mambo yasiyo na hatari. Liko moja lenye hatari, nalo lataka macho makali.

Ikiwa ikoni za mafolda kwenye flashi zimegeuka ghafla kuwa shotikati, zenye kimshale kidogo pembeni, usizibofye. Kwenye steshenari, ambako flashi moja hupita kompyuta kadhaa kwa siku, virusi vya namna hii vinafahamika sana. Huyaficha mafolda ya kweli na kuweka shotikati za uongo mahali pake. Ukibofya, folda inafunguka kama kawaida, na wakati huo huo kirusi kinaingia kwenye mashine. Kukitambua ni rahisi: bofya kwa kitufe cha kulia, fungua Properties, soma kilichoandikwa kwenye Target. Shotikati ya gemu itataja folda ya gemu. Ukikuta imeitaja cmd.exe au wscript.exe, hiyo si gemu. Safisha kompyuta na flashi kwa programu ya kinga ya virusi kwanza, kisha uyafichue mafolda kwenye Command Prompt kwa amri attrib -h -r -s /s /d, ukifuatisha herufi ya flashi. Kama ni E, basi E:\*.* na Enter. Mara nyingi mafaili huwa yapo yote, yamefichwa tu.

Anayedhani tahadhari hii imezidi akumbuke Stuxnet. Kirusi hicho kiligunduliwa Juni 2010, na kilikusudiwa kuharibu mitambo ya kurutubisha urani huko Natanz, Iran. Kilisafiri kwa flashi, kikipitia kasoro katika jinsi Windows ilivyokuwa inaonyesha ikoni za shotikati. Haikuhitajika kubofya. Kuifungua folda na ikoni kuonekana kwenye skrini kulitosha. Microsoft iliiziba kasoro hiyo tarehe 2 Agosti 2010, na kompyuta ambazo hazikusasishwa zilibaki wazi.

Sasa, je, kupiga Windows hakuna maana kamwe? Kuna maana, ila kwa sababu nyingine. Diski ikianza kufa, haina budi kubadilishwa, na mpya inahitaji Windows yake. Mafaili ya mfumo yakiharibika, ijaribiwe kwanza amri ya sfc /scannow kwenye Command Prompt iliyofunguliwa kwa Run as administrator. Mara nyingi huyarekebisha bila kugusa barua wala picha za mtu. Na kuna suala la usalama: Microsoft iliacha kuihudumia Windows 7 tarehe 14 Januari 2020, na Windows 10 tarehe 14 Oktoba 2025. Mwenye mashine inayoweza kubeba toleo jipya ana sababu nzito ya kulipandisha. Kikaratasi cheupe juu ya deskitopu si mojawapo ya sababu hizo.

Mafundi wa Lushoto, Soni, Mlalo na Bumbuli, ombi ni hili: ziandikeni hatua tatu zilizotajwa hapa kwenye karatasi moja, muibandike ukutani karibu na meza ya kazi. Mteja anayekuja na ikoni iliyogoma afanyiwe hizo kwanza, alipe kwa kazi hiyo, aondoke na mafaili yake yote. Nawe mwenye kompyuta, kabla hujakubali ipigwe Windows, muulize fundi maswali mawili: akiba ya ikoni imefutwa? Na mafaili yangu yamenakiliwa wapi? Asipokuwa na jibu la swali la pili, chukua kompyuta yako uondoke nayo.